Pango la popo linataka daftari kabla ya ngazi

Mzee aliyetutangulia alisimama mdomoni mwa pango, akavua kofia, akatuambia tuzime tochi za simu. Yeye alikuwa na moja tu ya kichwani, ukanda wake umekatika na kuungwa kwa kipande cha tyubu ya baiskeli, na aliielekeza chini, miguuni kwetu, si juu. "Mwalimu, mwezi huu wananyonyesha," aliniambia kwa sauti ya mtu anayepita chini ya dirisha la wodi ya wazazi. "Ukiwamulika wanashtuka. Wakishtuka, watoto wanaanguka."

Tulikuwa walimu watatu wa baiolojia, tumevaa gambuti, barakoa na glavu. Pango lenyewe liko upande wa bonde la Songwe na jina lake sitaliandika. Si uchoyo. Wachunguzi wa mapango wengi duniani wana desturi hiyo hiyo: pango dogo lenye popo wanaolea halitangazwi, maana likitangazwa Jumamosi, Jumapili limejaa watu na chupa za plastiki. Anayetaka kuona tu, lipo lile kubwa ambalo kila mtu Mbeya analijua, Pango la Popo, na chemchemi za maji moto karibu yake.

Ndani, kinachokupokea kwanza ni harufu. Ni amonia, kali, inauma macho kabla hujaona chochote. Halafu sakafu. Ni laini, inadidimia kama pumba za mpunga zilizolowa, na ukiinama ukatulia unagundua kwamba inatembea. Mende, vibuu, utitiri, mbawakawa weusi wadogo, na ukutani buibui anayewasubiri wote hao. Humo hamna jani wala jua. Chakula chote cha umati ule kimeletwa na popo, ambaye jana usiku alikuwa juu ya mashamba ya watu akikamata nondo na mbu, na alfajiri akarudi kuning'inia na kudondosha alichokisaga. Ukimwondoa popo, sakafu nzima inakufa njaa.

Kwenye kinundu cha jiwe, karibu na goti langu, alikuwepo mtoto mmoja aliyeanguka. Hana manyoya, ngozi yake rangi ya nyama, mwili mzima hauzidi pingili ya kidole gumba. Vidole vya bawa vilikuwa vimekunjika kama mwavuli uliofungwa vibaya. Alikuwa anafungua mdomo na kuufunga, anafungua na kuufunga, nami sisikii kitu, kwa kuwa sauti yake ilikuwa juu kupita sikio la binadamu. Mwenzangu akanyosha mkono. Mzee akamshika kiwiko, akaturudisha hatua tatu, akazima tochi. Tukasimama kwenye giza ambalo mtu wa mjini halijui. Alipowasha tena, jiwe lilikuwa tupu.

Popo wengi huzaa mtoto mmoja tu kwa mwaka. Panya aliyepoteza watoto atazaa wengine mwezi ujao. Popo aliyepoteza mtoto amepoteza mwaka.

Wiki chache baadaye nilikaa kwenye kikao kilichojadili mapango kama vivutio vya utalii. Yalitajwa ngazi za zege, taa za umeme, choo, kibanda cha tiketi, bango kubwa barabarani. Mchoro ulikuwa mzuri na waliouleta walikuwa watu wa nia njema. Lakini saa mbili zilipita bila mtu kuuliza popo wako wangapi, wanazaa mwezi gani, wanatumia tundu lipi kutoka, au taa zikiwaka mchana kutwa watakwenda wapi. Mzee wetu hakualikwa. Nilipomtaja, nikajibiwa kwamba atafikiriwa kwenye nafasi ya mlinzi.

Jibu hilo liliniuma na bado linaniuma. Ninachotaka kusema ni hiki: kabla ya ngazi moja kumwagwa, kila pango lenye wanyama katika nyanda zetu za juu kusini lipate daftari la kuandikia wanyama hao na mienendo yao. Na daftari hilo lishikwe na mtu wa palepale anayelijua pango, alipwe kwa kazi hiyo, na jina lake liandikwe kwenye jalada.

Sijazua jambo geni. Elimu yote ya wanyama wa mapangoni ilianzia kwa watu wa aina ya mzee huyu. Mwaka 1831 katika pango la Postojna, nchi ambayo leo ni Slovenia, mtu mmoja aliyeitwa Luka Čeč aliokota mdudu wa ajabu. Čeč alikuwa mwashaji wa taa za pangoni. Mdudu alikuwa mbawakawa asiye na macho, tumbo limevimba kama ushanga, miguu na papasi ndefu nyembamba kama nyuzi. Mpaka siku hiyo hakuna mtaalamu aliyejua kwamba kuna wadudu waliozaliwa kwa ajili ya giza. Mwaka uliofuata alielezwa rasmi kwa jina la kisayansi, Leptodirus hochenwartii. Hilo neno la pili ni la heshima ya Hohenwart, bwana mwenye cheo aliyepelekewa mdudu. Mwasha taa hakuwekwa kwenye jina.

Marekani nako, kwenye pango la Mammoth jimboni Kentucky, aliyefungua njia za ndani kabisa alikuwa kijana mweusi mtumwa, Stephen Bishop. Aliletwa pale mwaka 1838 akiwa hajafikia miaka ishirini, awe kiongozi wa wageni. Akavuka shimo ambalo wote waliogopa kulivuka, akafika kwenye mito ya chini ya ardhi, akaona samaki wasio na macho. Mwaka 1842 alichora ramani ya pango lile kwa kumbukumbu ya kichwa chake, na ilipochapishwa jina lake liliwekwa. Aliachiwa huru mwaka 1856, akafa mwaka uliofuata. Ramani ya mtu ambaye kisheria alikuwa mali ya mtu mwingine ilitumika kwa miongo. Huwa nikiwasimulia wanafunzi habari hii darasa linanyamaza, na mimi mwenyewe hunichukua muda kuendelea na somo.

Na tusiende mbali. Kipunji wetu je? Watafiti walipokuwa wakizungumza na wawindaji kando ya Mlima Rungwe mwaka 2003, walisikia habari za kima mwenye haya, anayekaa juu msituni, anaitwa kipunji. Wangeweza kuzipuuza kama hadithi za jioni. Wakafuatilia, wakamkuta, na mwaka 2005 dunia ikatangaziwa kima mpya wa Afrika. Mwaka 2006 akapewa jenasi yake peke yake, Rungwecebus kipunji. Mlima umo kwenye jina, na neno la wenyeji limo vilevile. Wawindaji walikuwa wakimjua miaka yote hiyo. Kilichokuwa kinakosekana ni mtu wa kuuliza kwa adabu na kuandika.

Sasa, kama kima mzima, mwenye mkia na sauti ya kubweka, alikaa bila kuandikwa mpaka juzi, je, kiumbe cha milimita tatu kinachoishi kwenye ufa wa jiwe gizani? Majirani zetu Kongo wana samaki wa mapangoni asiye na macho wala rangi, Caecobarbus geertsii, aliyeandikwa tangu mwaka 1921. Gabon wana mamba wafupi waliokaa mapangoni Abanda hadi wengine ngozi imegeuka rangi ya chungwa, na wanakula popo na nyenje. Siahidi kwamba Songwe kuna mamba wa chungwa. Nasema jiwe letu linafaa kuangaliwa kwa makini kabla ya kufunikwa.

Jiwe lenyewe lina namna yake. Nazungumzia Songwe inayomwaga maji Ziwa Rukwa, si ile ya mpaka na Malawi inayokwenda Ziwa Nyasa. Pale maji ya mvua hupenya nyufa za bonde la ufa, hupata joto huko chini, hupanda tena yakiwa yamebeba chokaa iliyoyeyuka na gesi ya kaboni dayoksaidi. Yakifika juu gesi inatoka, kama ulivyofungua soda, na chokaa inabaki ikiganda tabaka juu ya tabaka. Wanajiolojia wanaliita jiwe hilo travatini. Ndilo lenye mapango, na ndilo linaloingia tanurini kutengeneza saruji. Sina ugomvi na saruji, nyumba ninayoandikia imejengwa kwayo. Ila jiwe linalotakiwa na watu wengi namna hiyo ndilo linalohitaji kuandikiwa daftari mapema zaidi.

Kuna hofu moja ambayo siwezi kuiruka, nayo ni Marburg, ugonjwa hatari wa virusi. Mkoa wa Kagera ulipata mlipuko mwaka 2023, ukapata mwingine mwaka 2025, na watu walikufa. Virusi hivyo hukaa kwa popo wakubwa wanaokula matunda na kulala mapangoni, wale wanaoitwa popo wa matunda wa Misri. Si popo wote, lakini mtu wa kawaida hatawatofautisha gizani, kwa hiyo kanuni ni moja: usimshike popo, usile wala kunywa ndani ya pango, usiingie bila barakoa, mtoto asiingie kabisa. Vumbi la kinyesi nalo lina kuvu iitwayo histoplazma inayoingia kwenye mapafu, na dalili zake huweza kudhaniwa ni kifua kikuu. Marehemu mjomba wangu alikuwa akichota kinyesi cha popo kwa koleo na kukijaza kwenye viroba kwa ajili ya kabichi zake, bila hata kitambaa puani. Leo ningemzuia.

Lakini hofu hiyohiyo imefanya jambo lingine. Kuna pango huku kwetu ambalo watu, baada ya kusikia habari za Kagera redioni, walichoma tairi mdomoni mwake. Moshi uliingia ndani mchana kweupe. Popo walitoka jua likiwaka, wakigongana na matawi, na mwewe wakawashughulikia. Waliochoma waliamini wanalinda watoto wao, nami sitawatukana kwa hilo. Ningependa tu wangesikia habari ya Kitaka.

Kitaka ni mgodi magharibi mwa Uganda. Mwaka 2007 wachimbaji kadhaa waliugua Marburg humo, na ndani walikuwepo popo wa matunda zaidi ya 100,000. Baada ya hapo wachimbaji waliamua kuwamaliza: wakaziba njia kwa matete, wakaweka nyavu, wakawasha moto. Walifanikiwa, popo wakaisha. Mwaka 2012 ukazuka mlipuko mwingine wa Marburg, mkubwa kuliko wowote Uganda iliowahi kuona mpaka wakati huo, katika wilaya ya Ibanda, kilomita kama 20 tu kutoka mgodini. Watafiti waliporudi Kitaka walikuta popo wameanza kurejea, wachache mno kulinganisha na zamani. Walipowapima, walioambukizwa walikuwa zaidi ya 13 katika kila 100, wakati kabla ya mauaji walikuwa kama 5. Jamii ya zamani ilivunjwa, na inadhaniwa nafasi ikajazwa na wageni ambao wengi miili yao haikuwa imekutana na virusi, na ugonjwa ukapata kuni mpya. Pango lililochomwa moto likawa la hatari zaidi kuliko lilivyokuwa.

Kwa hiyo anayejali afya ya kijiji, namwomba kwa unyenyekevu aache tairi. Afunge njia ya watu kwa miiba, aweke alama, amwache popo na nyumba yake.

Nina sababu nyingine, ya shambani. Viwavijeshi vamizi walipoingia nchini mwaka 2017, kila mkulima wa mahindi hapa alijifunza kuwa mama wa kiwavi ni nondo, na nondo huruka usiku. Nani mwingine yuko kazini usiku? Huko Hispania, kwenye mashamba ya mpunga ya delta ya Mto Ebro, watu wamewawekea popo masanduku ya kulala juu ya nguzo ili wapunguze nondo wanaozaa vipekecha shina. Wamewajengea popo nyumba. Sisi tunao Mbarali wenye mpunga na tunayo mapango ambayo hatukuyajenga, tukayachoma.

Iringa nako kuna mfano wa subira ninaoupenda. Mlambalasi, kwenye mwamba ambako Mtwa Mkwawa alijiua tarehe 19 Julai 1898 asije akashikwa na Wajerumani, wanaakiolojia walichimba mwaka 2006 wakiongozwa na Pamela Willoughby wa Chuo Kikuu cha Alberta. Wakachimba pia Magubike, mwamba mwingine wa huko huko. Mtu akisikia "kuchimba" anafikiria sululu. Wao hutumia mwiko mdogo, brashi na chekecheo, sentimita chache kwa siku, kila tabaka na mfuko wake wenye maandishi. Kwa njia hiyo chini ya ardhi ileile ya Mkwawa zikatoka shanga za maganda ya mayai ya mbuni na mifupa ya watu waliozikwa hapo maelfu ya miaka kabla yake. Kama mtu angepitisha koleo na kusawazisha sakafu ili wageni wasijikwae, vyote hivyo vingeishia kwenye kifusi.

Wanaosema daftari litachelewesha maendeleo nawaelewa. Vijana wanataka ajira, na kijiji kinahitaji hela ya zahanati. Ila hebu tuangalie gharama. Kaunta buku ya kwaya mbili. Penseli, kwa sababu kalamu ya wino inasumbua kwenye unyevu. Tochi ya kichwani yenye taa nyekundu, ambayo haiwasumbui popo kama ile nyeupe. Posho ya mtu mmoja kwa jioni mbili kila mwezi, kwa mwaka mmoja. Kipindi hicho kikiisha ndipo tujue ngazi ipite wapi, pango lifungwe miezi gani, na chumba kipi wageni wasikanyage kabisa. Gambuti zioshwe kwa klorini kila mkitoka kwenye pango moja kwenda lingine. Marekani, tangu mwaka 2006, kuvu mweupe wa puani ameua popo kwa mamilioni, na inaaminika kilichomvusha bahari ni viatu au vifaa vya watu. Kuvu yule anapenda mapango ya baridi, si yetu, lakini kuosha buti ni kazi ya dakika tano.

Na kuhesabu popo hakuhitaji kuingia ndani. Hilo ndilo linalowafaa wanafunzi. Unakaa nje, mbali kidogo na mdomo, uso ukielekea jua linalozama ili uwaone dhidi ya mwanga wa mwisho. Mmoja anahesabu, mwingine anaandika kila dakika tano, wa tatu anahesabu kivyake ili mlinganishe.

Tumeanza. Hatukusubiri kikao. Tulichanga walimu watatu, tukanunua kaunta buku na tochi, na mwezi uliopita tulikaa kwenye nyasi na wanafunzi wanne wa kidato cha tano waliokuja na barua za wazazi wao. Baridi ya Mbeya ya saa kumi na mbili jioni mnaijua. Mzee alikuwa amejifunga blanketi, amekaa juu ya kiroba. Wa kwanza alitoka, akazunguka mara mbili mbele ya tundu kama anayepima hali, akarudi ndani. Kisha wawili. Kisha ule mkondo ambao huwezi kuutenganisha, mbawa zikitoa mlio kama wa karatasi zinazopekuliwa kwa haraka, hewa ikitupuliza usoni. Binti aliyekuwa anahesabu alipoteza hesabu, akalia kidogo kwa uchungu, akaanza tena. Hesabu zao mbili zilipishana sana, na tukaandika zote mbili.

Mzee ndiye aliyejaza safu ya mwisho, ile ya maelezo. Aliandika polepole, herufi kubwa zilizolala upande, karatasi akiilaza kwenye goti: MWEZI MCHANGA. HAKUNA UPEPO. TUNDU LA JUU HAWAJALITUMIA LEO. WATOTO BADO NDANI. Akakaa akiyatazama aliyoyaandika, halafu akaniuliza jina lake aliweke wapi, chini pale mwisho wa safu? Nikafunga daftari, nikaligeuza, nikampa penseli aandike kwenye jalada.